Kisaa Chenye Mdomo

Mama mkubwa alifungua pindo la kanga yake taratibu, nikadhani anataka kunipa nauli ya kurudi Ngamiani. Badala ya hela akatoa ile saa niliyomvalisha mwenyewe wiki tatu nyuma, akaniwekea kiganjani, kisha akakifunga kiganja changu kwa mikono yake miwili.

"Mwanangu, chukua kisaa chako. Kina mdomo."

Hakugomba. Angegomba ningejua la kujibu.

Jioni iliyotangulia alikuwa matangani, Mikanjuni, hapa hapa Tanga. Baada ya Magharibi wanawake walikuwa wamekaa mkekani bega kwa bega, na mkono wake wa kushoto ulikuwa juu ya goti. Saa ikatetema, kioo kikawaka, na maneno yakatokea kwa herufi kubwa, maana mimi ndiye niliyeyaandika kwa herufi kubwa ili ayasome bila miwani: MUDA WA DAWA YA PRESHA. Akayasoma. Jirani yake naye akayasoma. "Kumbe una presha, dada? Pole." Dakika tano baadaye ikawaka tena. Nilikuwa nimeipanga iwake kila dakika tano mpaka abonyeze "Nimemeza" kwenye simu. Simu ilikuwa ndani ya mkoba, na mkoba ulikuwa chumba cha pili. Ilipowaka mara ya nne, mama mmoja wa upande wa pili wa mkeka akamwambia kwa huruma kabisa anyanyuke akameze, isije ikampanda pale pale.

Kwa miaka miwili mama mkubwa alikuwa hajamwambia mtu. Tuliojua ni mimi na muuguzi wake wa kliniki. Jioni moja, ndani ya robo saa, nyumba nzima ya msiba ilijua, na kila aliyejua alimwonea huruma. Huruma hiyo ndiyo aliyokuwa akiikimbia.

Programu ile niliiandika mimi, usiku, baada ya kazi za watu, kwa sababu nampenda. Naandika haya kwa ajili ya vijana wenzangu wanaotengeneza programu za kuvaliwa mwilini, iwe saa, kibangili, pete au miwani, maana kosa nililolifanya ni jepesi mno kulifanya na sikufundishwa popote namna ya kulikwepa.

Tulichofundishwa ni kumfikiria mtumiaji. Nami nilimfikiria. Nilijua macho yake hayaoni karibu, nilijua anasahau, nilijua hapendi kushika simu. Sikumfikiria aliyekaa pembeni yake. Saa ya mkononi ina watumiaji wawili siku zote: aliyeivaa, na yule aliye mbele, kando au nyuma yake. Wa pili hakuinunua, hakukubali masharti yoyote, wala hana kitufe cha kubonyeza. Lakini anaisoma.

Simu si hivyo. Simu inakaa mfukoni, ukiitoa kila mtu anaona umeitoa, na ukitaka siri unailaza kifudifudi. Saa iko wazi muda wote kama uso. Mwulize bodaboda. Rafiki yangu anayepaki karibu na stendi alinionyesha jambo ambalo sikuwahi kuliwaza: mikono ikiwa kwenye usukani wa pikipiki, kioo cha saa kinatazama juu na nyuma, moja kwa moja kwenye macho ya abiria. Siku moja meseji ya pesa iliingia, kiasi alichotumiwa pamoja na salio lote lililobaki, na abiria aliyekuwa akibembeleza apunguziwe nauli akasema, "Kaka, mbona unazo?" Abiria hakuchungulia. Aliwekewa machoni.

Lipo na lile la salamu. Hapa kwetu salamu si mlango wa kupita haraka kwenda kwenye mazungumzo. Unampa mzee shikamoo, anaitikia marahaba, anauliza habari za nyumbani, za watoto, za kazi, za huko utokako, na wewe unarudisha. Sasa mkono utetemeke katikati ya hapo. Macho yanashuka yenyewe, wala hukukusudia. Ni nusu sekunde tu. Lakini mtu kuitazama saa huku anaongea na mwenziwe kulikuwa na maana yake kabla kompyuta haijaingia ndani ya saa, na maana hiyo haijabadilika: nina haraka, maliza. Mzee haoni kwamba ni kundi la WhatsApp la waliosoma pamoja darasa la saba. Anaona umemchoka. Kwa hiyo kila mtetemo ninaoupanga mimi mezani kwangu, nampangia mtu nisiyemjua amvunjie heshima mtu mwingine nisiyemjua. Nikiuwaza hivyo, arifa nyingi nilizokuwa nikiziona za lazima zinakosa ulazima.

Mark Weiser, aliyekuwa mtafiti katika maabara ya Xerox PARC kule California, aliliona hili mapema. Mwaka 1991 aliandika kwamba teknolojia iliyokomaa ni ile inayozama ndani ya maisha mpaka watu wasiione tena, na miaka michache baadaye yeye na John Seely Brown wakaipa teknolojia ya namna hiyo jina la utulivu. Kwenye maabara hiyohiyo msanii Natalie Jeremijenko alitundika uzi wa plastiki wa kama mita 2 na nusu kutoka darini, juu ukiwa umefungwa kwenye mota ndogo iliyounganishwa na waya wa mtandao wa ofisi. Mtandao ukiwa na kazi nyingi uzi unazunguka kwa fujo, ukiwa kimya uzi unatikisika kidogo tu. Watu wakipita kwenye korido walijua hali ya mtandao bila kusoma chochote wala kukatishwa maneno.

Niliposoma habari ya uzi ule nilikumbuka soko la samaki la Deep Sea. Wavuvi wanakaa wanapiga soga, na juu ya mlingoti wa chombo kuna kitambaa kimechakaa. Hakuna anayekitazama. Lakini upepo ukigeuka, mmoja anasimama na wengine wanamfuata, na soga haijakatika. Kile kitambaa kimewaambia wote, hakikumwita yeyote. Nimekaa pale mara nyingi nikijiuliza programu yangu ipi inaweza kufanya kazi hiyo.

Nirudi kwenye ufundi, maana heshima bila ufundi inabaki nia njema tu. Saa nyingi zinazouzwa kwenye meza za Barabara ya 12 na kwingineko mjini si zile za bei kubwa zenye duka lake la programu. Ni vibangili vya bei nafuu ambavyo wewe mwandishi wa programu huwezi kuviwekea chochote. Vinachofanya ni kuunganishwa na simu kwa bluetooth, na programu yake inaomba ruhusa moja: kusoma arifa. Ukikubali, kila kinachojitokeza kwenye simu kinarudiwa mkononi. Hukipangii rangi, hukipangii mtetemo, hukipangii ukubwa wa herufi. Kilichobaki mikononi mwako ni maneno, na hasa yale matatu manne ya mwanzo, kwa sababu kioo kidogo kinakata yanayofuata.

Kwenye simu za Android upo mpangilio wa kuiambia arifa ibaki kwenye simu isivuke kwenda kwenye saa, na upo mwingine wa kuficha yaliyomo kioo kikiwa kimefungwa. Itumie yote miwili. Lakini usiitegemee. Programu ya kibangili iliyokwisha kupewa ruhusa ya kusoma arifa inaweza kuzisoma zote, na sijui wateja wako wamevaa vibangili vya nani. Kinga ya uhakika ni moja: siri usiiandike kabisa. Neno ambalo halimo kwenye arifa haliwezi kuonwa na jirani wa mkekani.

Kwenye saa za daraja la juu mambo ni bora, na kuna akili iliyotumika ambayo inafaa kuigwa. Kwenye Apple Watch arifa huja kwa hatua mbili: ukiinua mkono unaona kwanza imetoka programu gani na kichwa chake kifupi, na ukiendelea kuushikilia mkono ndipo maelezo yanafunguka. Huko ni kubisha hodi kabla ya kuingia. Na tangu Android 13 ya mwaka 2022, programu inatakiwa iombe ruhusa kwanza ndipo ianze kutuma arifa. Waandishi wengi wanaomba mtu anapoifungua tu programu, hata hajajua ni ya nini. Hodi ya namna hiyo ni ya mtu anayebisha huku mguu umeshavuka kizingiti. Subiri aanzishe mwenyewe jambo linalohitaji kukumbushwa, hapo omba.

Hodi ina adabu nyingine tunayoijua tangu utoto: unaita mara tatu, usipoitikiwa unarudi ulikotoka, wala huna haki ya kununa. Ile ya kwangu iliita kila dakika tano bila kikomo.

Jambo ambalo nimelitazama kwa karibu kuliko yote ni sala. Usiku mmoja nilikuwa safu ya pili katika Isha, msikiti wa mtaani kwetu, umeme umekatika, taa moja ya kuchaji imewekwa karibu na kibla. Imamu akatoa takbira, tukainua mikono, na mbele yangu mikono minne mitano ikawaka kwa pamoja. Hakuna aliyeingiwa na meseji. Saa zile zina kihisi cha mwendo, nazo zimefundishwa kwamba mkono ukipanda kuelekea usoni basi mwenyewe anataka kutazama. Takbira ni mwendo uleule. Kijana wa mbele yangu kioo kilibaki kinang'aa mpaka alipofunga mikono kifuani, na meseji ya mtu niliyemwona kwa jina nikaisoma mstari mzima kabla sijayainamisha macho yangu. Sala yangu iliharibika, na yake sijui.

Sijda nayo ina lake. Kiganja kikibanwa sakafuni kifundo kinakunjika, na kwenye baadhi ya saa mgongo wa mkono unakibonyeza kile kitufe cha pembeni. Kikibonyezwa kwa muda kinaamsha msaidizi wa sauti. Nimewahi kuisikia saa ya mtu ikiuliza swali kwa Kiingereza tukiwa tumesujudu. Na kabla ya hapo kuna udhu: tone la maji juu ya kioo linafanya kazi ya kidole, linafungua, linafuta, linapiga simu. Ndiyo maana kwenye kazi zangu hakuna tena kitendo kisichorudishika kinachokamilika kwa mguso mmoja.

Wenye viwanda walishafikiria giza. Apple Watch ina hali ya ukumbi wa sinema tangu mwaka 2017: mkono ukiinuliwa kioo hakiwaki, sauti zinanyamaza, unabaki mtetemo. Waliofikiria hivyo walimfikiria mtu wa kiti cha nyuma, na nawashukuru kwa hilo. Sisi tuna giza letu wenyewe, linakuja mara tano kwa siku, na anayejua zaidi habari zake ni mwandishi wa programu aliyekulia hapa. Nyakati za sala zinapigiwa hesabu kwa nafasi ya jua. Inatosha mtu achague "Tanga" mara moja, huna haja ya kumfuatilia alipo ili ujue kama yuko msikitini, na kuomba ruhusa ya kumfuatilia kwa kisingizio cha kumheshimu ni kumkosea mara mbili. Programu yangu sasa inazishika arifa zisizo za dharura kwa dakika 20 wakati wa sala, kisha inazitoa zikiwa zimefungwa pamoja kama barua za siku moja. Asiyesali anaizima hali hiyo, na haiulizi sababu.

Kwa hili hili, zipo saa zinazomhimiza mtu asimame dakika 10 kabla ya saa kutimia. Siku ya Ijumaa saa saba kasoro dakika kumi mchana, watu wengi hapa wako kwenye hotuba. Ramadhani zipo programu zinazohimiza watu wanywe maji saa nane mchana. Na ukienda harusini, mkono wa kulia uko kwenye sinia ya pilau na saa iko mkono wa kushoto: arifa inayodai kuguswa ndipo inyamaze haina kidole cha kuigusa.

Saa zenyewe pia, namna ya kuzihesabu. Nilimwandikia mama mkubwa "19:00". Kwake hiyo si saa. Wakati huo kwake ni saa 1 usiku, na mtu anayekumbushwa dawa kwa tarakimu asizozitumia anaweza kumeza kwa wakati usio wake. Hata baada ya kurekebisha niliona bado najisumbua bure. Tanga iko kama nyuzi 5 kusini mwa ikweta, machweo yetu mwaka mzima hayapishani sana kuzidi nusu saa. Muuguzi alisema dawa ile ya mara moja kwa siku haidai dakika kamili, inadai isirukwe. Kumbe saa yake ilishakuwepo: anapokunja msala wa Magharibi. Kazi yangu ilikuwa kuifuata, si kumtungia nyingine.

Kuhusu miwani nitasema kidogo, maana inakuja. Google Glass, miwani yenye kamera ndani yake, ilipoanza kuvaliwa mwaka 2013, baa moja ya Seattle ilitangaza kwamba aliyeivaa hatakaribishwa. Wateja wale hawakuwa na ugomvi na aliyevaa. Walikuwa hawajui kama wanarekodiwa. Siku hizi miwani ya namna hiyo inafanana kabisa na miwani ya kawaida, na kinachotangaza kurekodi ni kitaa kidogo pembeni ya fremu. Mimi namfikiria mgeni aliyeivaa anaingia uani, wanawake wamevua mitandio wanapika, na kile kitaa ni kidogo kuliko punje ya mtama. Ukiombwa kutengeneza programu ya kifaa kama hicho, waulize waliokutuma watu wa uani wamekubali lini.

Na sheria ipo. Ibara ya 16 ya Katiba ya Tanzania inalinda faragha ya mtu, na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, inaziweka taarifa za afya kwenye kundi la taarifa nyeti. Nilipoisoma nilikuwa natafuta inasema nini kuhusu kuhifadhi kwenye seva, ile kompyuta ya mbali inayotunza taarifa za watumiaji. Kilichoniumiza ni kwamba kwenye seva nilikuwa mwangalifu mno, kila kitu kimefungwa kwa msimbo wa siri, na ule ugonjwa uliotunzwa hivyo nikaubandika kwenye mkono wa mwenyewe kwa herufi kubwa.

Nilikaa na mama mkubwa siku mbili tukaitengeneza upya, yeye akisema na mimi nikiandika. Kwanza nilimuuliza anataka saa imwambie nini. Akafikiri, akatazama uani.

"Iseme kuku wameingia."

Wale kuku wake huingia bandani jua likizama, naye huenda kuufunga mlango kabla paka hajatangulia. Kwa hiyo arifa sasa inasema "Kuku wameingia", basi. Anayeisoma kwa jirani anaona mama mwenye kuku. Inaita mara mbili, dakika 30 zikiwa katikati, kisha inanyamaza. Nilitaka kuifanya iendelee, naye akakataa, akanikumbusha jambo ambalo mimi na werevu wangu sikulifikiria: ikimwita tena na tena, iko siku atameza mara mbili kwa kuichoka. Ndani ya simu kuna neno moja linalobadilika kila siku, "bado" au "tayari", ili akitilia shaka aangalie. Hakuna anayetumiwa ripoti, hata mimi. Muuguzi akitaka kujua, mama mkubwa humwonyesha mwenyewe.

Nilimuuliza daktari mmoja rafiki yangu, naye hakupendezwa. Anasema mgonjwa asiyesumbuliwa husahau, na kusahau kunaua. Hoja yake ni nzito na sina jibu linalomtosha kila mgonjwa. Nina la mgonjwa huyu mmoja tu: ile ya kelele aliivua siku ya ishirini na moja.

Juzi nilikuwa kwake barazani. Ananihadithia enzi za mkonge, babu alivyokuwa akirudi kutoka shambani na mikono imechanika kwa miiba. Nilijua dakika imefika kwa sababu niliipanga mimi. Niliona ncha ya kanga ikisogea kidogo juu ya kifundo cha mkono, kidole gumba kikagusa na kutulia. Macho yake hayakushuka. Alimaliza habari ya babu mpaka mwisho, akaniuliza kama nimeshiba, kisha akajikongoja ndani akisema anakwenda kuufunga mlango wa banda. Nikasikia kata ikigonga mtungi.